Vittorio Jano

Vittorio Jano (San Giorgio Canavese, Italia, 22 Aprili 1891 – Torino, Italia, 13 Machi 1965) alikuwa mhandisi wa magari kutoka nchini Italia. Anajulikana kwa injini za silinda sita na silinda nane alizobuni kwa ajili ya kampuni za Alfa Romeo, Lancia na Ferrari. Magari yake yalishinda mashindano makubwa ya Ulaya kuanzia mwaka 1924, na baadhi ya injini zake ziliendelea kuzaa nyingine baada ya kifo chake.

Maisha ya awali

Jano alizaliwa katika mkoa wa Piemonte, kaskazini mwa Italia, katika familia yenye asili ya Hungaria. Alianza kazi akiwa kijana kama mchoraji wa ramani za mashine katika kampuni ndogo ya magari ya Rapid mjini Torino. Mwaka 1911 alihamia Fiat, kampuni kubwa ya mji huo, akapanda ngazi hadi kuwa miongoni mwa wahandisi wa magari ya mashindano. Huko alijifunza kutumia supachaja, yaani pampu inayosukuma hewa kwa nguvu ndani ya silinda ili mafuta mengi zaidi yaweze kuchomwa.

Kuhamia Alfa Romeo

Mwaka 1923 kampuni ya Alfa Romeo ya Milano ilikuwa na gari la mashindano lililoitwa P1. Dereva Ugo Sivocci alifariki akilifanyia mazoezi katika uwanja wa Monza, na gari hilo likaondolewa mashindanoni. Enzo Ferrari, ambaye wakati huo alikuwa dereva wa Alfa Romeo, alikwenda Torino kumshawishi Jano ahame Fiat. Jano alikubali, akaanza kazi mara moja.

Katika miezi michache alikamilisha gari la P2. Lilikuwa na injini ya lita 2 yenye silinda nane katika mstari mmoja pamoja na supachaja, ikitoa takriban nguvu ya farasi 140. Mnamo Juni 1924 Antonio Ascari alishinda nalo mjini Cremona katika shindano lake la kwanza, na mwezi Agosti Giuseppe Campari akashinda Grand Prix ya Ufaransa mjini Lyon. Mwaka uliofuata Ascari alifariki katika ajali akiendesha P2 huko Montlhéry, Ufaransa, akiwa na umri wa miaka 36. Hata hivyo Alfa Romeo ilitwaa ubingwa wa kwanza wa dunia wa watengenezaji magari mwaka huohuo wa 1925, na kwa kumbukumbu yake ikaongeza shada la majani katika nembo yake.

Injini za silinda sita

Baada ya P2, Jano alipewa kazi ya kubuni gari jepesi la kuuzwa kwa watu wa kawaida wenye uwezo. Alichagua silinda sita katika mstari mmoja. Katika mpangilio huo pistoni hutembea kwa jozi, na mtikisiko wa jozi moja hufutwa na mwendo wa nyingine. Kwa hiyo injini huzunguka kwa ulaini na inaweza kwenda kwa kasi bila kujivunja.

Gari hilo, 6C 1500, lilianza kuuzwa mwaka 1927. Linaonyesha vizuri namna Jano alivyoongeza nguvu ya injini hatua kwa hatua. Toleo la kwanza lilikuwa na kamshafti moja, yaani mhimili mmoja wa kufungua na kufunga valvu, na lilitoa takriban nguvu ya farasi 44. Toleo la pili lilipewa kamshafti mbili juu ya silinda, likafikia takriban 54. Toleo lenye supachaja lilifikia takriban 76. Ukubwa wa injini ulibaki lita 1.5, lakini hewa iliingia na kutoka kwa urahisi zaidi.

Mwaka 1928 gari hilo lilishinda Mille Miglia, mbio ndefu za barabarani nchini Italia. Mwaka 1929 Jano alipanua silinda hadi kipenyo cha milimita 65 na mwendo wa pistoni wa milimita 88, na hivyo ikazaliwa 6C 1750. Gari hilo lilishinda Mille Miglia mwaka 1929 na tena mwaka 1930 likiendeshwa na Tazio Nuvolari, ambaye alikuwa wa kwanza kumaliza mbio hizo kwa wastani wa zaidi ya kilomita 100 kwa saa.

Injini za silinda nane

Kwa gari la 8C 2300 la mwaka 1931, Jano hakuanza upya. Alichukua vipimo vilevile vya milimita 65 kwa 88 akaongeza silinda mbili. Tatizo la injini ya silinda nane katika mstari mmoja ni urefu wake: krankishafti, yaani mhimili unaozungushwa na pistoni, huwa mrefu na hujipinda kwa kasi kubwa. Jano aliigawa injini katika sehemu mbili za silinda nne nne, na katikati akaweka gia za kuendesha kamshafti na supachaja. Kwa njia hiyo kila nusu ya mhimili ilikuwa fupi na imara. Magari ya aina hiyo yalishinda mbio za saa 24 za Le Mans mara nne mfululizo, kuanzia 1931 hadi 1934.

Mwaka 1932 ilifuata Tipo B, inayojulikana zaidi kama P3. Ilikuwa na kiti kimoja tu, injini ya lita 2.6 na supachaja mbili ndogo, ikitoa takriban nguvu ya farasi 215. Nuvolari alishinda nayo Grand Prix ya Italia huko Monza katika shindano lake la kwanza.

Mwaka 1935 P3 ilikuwa tayari imepitwa na wakati. Kampuni za Mercedes-Benz na Auto Union za Ujerumani zilikuwa na magari yenye nguvu zaidi. Hata hivyo mnamo Julai mwaka huo Nuvolari alishinda Grand Prix ya Ujerumani katika uwanja wa Nürburgring akiwa na P3 ya lita 3.2, baada ya tairi la Mercedes-Benz iliyoongoza kupasuka katika mzunguko wa mwisho. Ushindi huo haukubadilisha hali. Gari jipya la silinda 12 lilishindwa mwaka 1937, na mwishoni mwa mwaka huo Jano aliondoka Alfa Romeo.

Lancia

Jano alirudi Torino na kujiunga na Lancia. Mwaka 1950 kampuni hiyo ilitoa gari la Aurelia, la kwanza duniani kutengenezwa kwa wingi likiwa na injini ya silinda sita katika umbo la V. Hesabu za injini hiyo zilifanywa na Francesco de Virgilio chini ya usimamizi wa Jano. Umbo la V lilifanya injini iwe fupi kuliko ile ya mstari mmoja.

Mwaka 1954 Jano alileta gari la Formula 1 lililoitwa D50, lenye injini ya V ya silinda nane na ujazo wa lita 2.5. Injini yenyewe ilikuwa sehemu ya fremu ya gari. Matangi ya mafuta yaliwekwa pembeni, kati ya magurudumu ya mbele na ya nyuma, ili uzito usihame mafuta yanapopungua.

Dereva mkuu wa D50 alikuwa Alberto Ascari, mwana wa Antonio Ascari. Mnamo 22 Mei 1955 alitumbukia baharini na gari hilo katika Grand Prix ya Monako, akaokoka. Siku nne baadaye alifariki huko Monza akijaribu gari la Ferrari, akiwa na umri wa miaka 36 kama baba yake. Lancia, iliyokuwa imeelemewa na gharama, iliacha mashindano na kukabidhi magari yake kwa Ferrari. Juan Manuel Fangio alitwaa ubingwa wa dunia wa mwaka 1956 kwa magari hayo.

Ferrari na miaka ya mwisho

Jano naye alikwenda Ferrari kama mshauri, zaidi ya miaka 30 baada ya kukutana na Enzo Ferrari kwa mara ya kwanza. Pamoja na Alfredo Ferrari, mwana wa Enzo aliyeitwa Dino, alishiriki kubuni injini ya V ya silinda sita. Pembe kati ya safu mbili za silinda ilikuwa digrii 65 badala ya 60 zilizozoeleka, ili kuacha nafasi ya kabureta katikati. Dino alifariki kwa maradhi mwaka 1956 kabla injini haijakamilika, ikapewa jina lake. Mike Hawthorn alikuwa bingwa wa dunia mwaka 1958 akiwa na gari lenye injini hiyo.

Mwaka 1965 Jano alifiwa na mwanawe, naye mwenyewe akaugua sana. Alijiua mjini Torino mwaka huohuo, akiwa na umri wa miaka 73.

Urithi

Injini zilizotokana na ile ya Dino zilitumika baadaye katika magari ya Fiat Dino na Lancia Stratos, ambalo lilishinda ubingwa wa dunia wa mbio za rali mwaka 1974, 1975 na 1976. Magari ya 6C na 8C hutunzwa katika makumbusho na kwa watu binafsi. Ni mfano wa namna injini ya mashindano na injini ya barabarani zilivyoweza kutoka katika mchoro mmoja.