Shaaban Robert (1909–1962)

Watahiniwa wengi huandika kwamba Shaaban Robert ndiye aliyetunga Kusadikika, kisha kalamu inakauka. Maisha yake yana mengi zaidi.

Alizaliwa tarehe 1 Januari 1909 Vibambani, Machui, karibu na mji wa Tanga, katika ukoo wenye asili ya Wayao, ingawa mwenyewe alijihesabu Mswahili. Alisoma Dar es Salaam kuanzia 1922 hadi 1926, na kati ya wanafunzi 11 waliofaulu mtihani wa mwisho alikuwa wa pili. (Wanafunzi wangu wa Magomeni huuliza nani alikuwa wa kwanza. Swali hilo halijawahi kutungwa kwenye mtihani.) Baada ya hapo alikuwa karani wa serikali: forodha kwanza, kisha huko Longido mwaka 1944, na kuanzia 1946 ofisi mbalimbali za Tanga. Vitabu aliviandika nje ya saa za kazi.

Leo mtu anayetaka kuhifadhi habari za nyumbani kwao huchukua kamera akawarekodi wazee. Shaaban Robert alikuwa na kalamu tu. Mkewe Amina alipofariki, alimlilia kwa shairi linalobeba jina lake. Wanafunzi hulichukulia kuwa shairi la mapenzi, wakasahau kuwa anayesema amefiwa. Binti yake alimwandikia Utenzi wa Hati, na mwanawe wa kiume Utenzi wa Adili. Hapa wengi hupoteza alama. Hutaja maadili mfululizo kama orodha ya sokoni, bila kueleza kwamba msemaji ni baba na msemewa ni mtoto wake mwenyewe. Ukiliona hilo, hata ukali wa baadhi ya nasaha unaeleweka: ni hofu ya mzazi.

Maisha Yangu, kilichotoka mwaka 1949, ni tawasifu, maana anajieleza mwenyewe. Baadaye aliongeza Baada ya Miaka Hamsini. Wasifu wa Siti Binti Saad, uliochapishwa 1958, ni wasifu, kwa sababu anaeleza maisha ya mwimbaji maarufu wa Zanzibar. Usivichanganye.

Kuna pia barua, ambazo vitabu vingi vya marudio huziruka. Kati ya 1931 na 1958 alimwandikia ndugu yake, Yusuf Ulenge, naye mwandishi. Ulenge alizitunza miaka yote hiyo, na mwaka 2002 zikatoka kitabuni zikiwa zimehaririwa na M. M. Mulokozi. Kama angezichoma jikoni, tungemjua Shaaban Robert wa vitabuni peke yake, si huyu anayemwandikia ndugu yake.

Alifariki Juni 1962, miezi michache baada ya Uhuru wa Tanganyika, akazikwa Machui. Baadhi ya miswada yake ilikuwa bado haijachapishwa. Utubora Mkulima na Siku ya Watenzi Wote vilitoka 1968, mwenyewe hayupo.