MAISHA YA ANNA Q. NILSSON, MCHEZAJI WA SINEMA



Waswedi tunaowajua huku kwetu ni wamisionere. Leo ninataka kuwaeleza juu ya Mswedi wa namna nyingine: binti wa mtumikaji wa kiwanda, aliyekuwa mchezaji mkubwa wa sinema kule Marekani, kisha watu wakamsahau akiwa bado mzima. Jina lake ni Anna Quirentia Nilsson. Katika filme waliandika Anna Q. Nilsson tu.

Alizaliwa tarehe 30 mwezi wa tatu 1888 kule Ystad, mji mdogo kando ya bahari, kusini mwa Swedi. Baba yake alipata kazi katika kiwanda cha sukari kule Hasslarp, na Anna akasoma huko. Darasani alikuwa mwerevu. Kwa ajili ya pointi zake nzuri alipata kazi ya kuuza dukani, kazi ambayo mtoto wa mtumikaji hakuipata kwa urahisi siku zile. Mwingine angetulia pale. Yeye hapana, roho yake ilikuwa Marekani. Mwaka 1905, akiwa na miaka 17, akapanda meli akaenda.

Alipofika akaanza kuchunga watoto katika nyumba ya watu, na palepale akajifunza Kiingereza upesi. Sisi tunaosoma hesabu na fizike kwa Kifaransa tunalijua jasho lake. Kisha uzuri wake ukaonekana. Wachoraji wa New York, mmoja wao Penrhyn Stanlaws, wakamwita akae mbele yao wamchore. Mwaka 1911 kampuni ya Kalem ikamkamata kwa filme Molly Pitcher.

Siku zile sinema ilikuwa bubu. Midomo inatembea, sauti hakuna. Maneno machache yanaandikwa juu ya kitambaa, na mtu anapiga piano ndani ya chumba. Kwa mgeni ilikuwa bahati kubwa. Hakuna aliyesikia kama ulimi wake ni wa Ystad ama wa New York.

Alicheza filme mingi sana, siwezi kuzitaja zote. Mwaka 1915 alicheza Regeneration, na mwaka 1923 The Spoilers. Hakuwa mwoga. Katika filme moja aliendesha garimoshi katikati ya moto, akaungua kweli. Katika Ponjola ya 1923, hadithi ya kusini mwa Afrika (lakini walipiga picha kwao Marekani, si huku), alikata nywele akavaa kama mwanaume. Mwaka 1927 alicheza Sorrell and Son pamoja na H. B. Warner; yeye alikuwa mama anayemwacha bwana na mtoto. Inasemekana wakati ule barua za watu zilimfikia kama 30,000 kila mwezi.

Sasa sikieni. Mwaka uleule wa 1927 ilitoka filme The Jazz Singer, watu wakasikia sauti ikitoka katika sinema. Nyuma yake kila kitu kiligeuka. Mashine ya kupiga picha ilifungwa ndani ya sanduku kubwa ili kelele yake isisikike, mikrofoni zikafichwa, na wachezaji wakapimwa sauti mmoja mmoja kama wanafunzi kwenye mtihani. Na Anna? Anna alikuwa amelala hospitalini. Farasi alimwangusha, mfupa wa nyonga ukavunjika. Alifanya karibu mwaka mzima akijifunza kutembea tena.

Wengine wanasema wageni wa sinema waliangushwa na ulimi wao. Kwa Anna mimi siamini hivyo. Greta Garbo, Mswedi mwenzake, alisema kwa mara ya kwanza katika Anna Christie mwaka 1930, Kiswedi kikisikika ndani ya Kiingereza chake, na watu walijaza vyumba kumsikiliza. Anna alikuwa amesema Kiingereza zaidi ya miaka 20. Kilichomwangusha ni ule mguu, pamoja na umri. Aliporudi alikuwa amepita miaka 40, na kiti chake kilikuwa na mtu.

Basi alifanya nini? Alirudi kazini. Mwaka 1933 alikuwa katika The World Changes, filme ya Paul Muni, lakini kwa sehemu ndogo. Toka pale alikuwa jirani, ama mama wa mtu, ama mgeni katika karamu, na mara mingi jina lake halikuandikwa hata kidogo. Alikuwa anapita katika vyumba vilevile ambamo zamani kazi yote ilimngojea yeye. Mimi sisemi alifurahi. Ninasema asubuhi ilipofika alienda.

Mwaka 1947 alipata sehemu nzuri kidogo katika The Farmer's Daughter. Loretta Young ni msichana wa wakulima Waswedi anayekwenda mjini kutumika katika nyumba ya mbunge, na mwisho yeye mwenyewe anachaguliwa. Anna ni mama yake, anayebaki shambani. Kumbe yule mama mwenyewe ndiye aliyefika Marekani kuchunga watoto wa watu! Ulimi wa Ystad, ambao sinema bubu iliuficha, sasa ndio uliotafutwa.

Halafu mwaka 1950 Billy Wilder alitengeneza Sunset Boulevard, filme ya bibi mmoja, mchezaji wa zamani, anayekataa kukubali kwamba wakati wake umepita. Usiku anacheza karata na rafiki watatu. Wale watatu ni Buster Keaton, H. B. Warner yule wa Sorrell and Son, na Anna, kila mmoja akiwa yeye mwenyewe. Msimuliaji wa filme anawafananisha na sanamu za nta. Anna alikubali kukaa pale, akashika karata zake.

Alikufa California tarehe 11 mwezi wa pili 1974, akiwa na miaka 85. Ile filme inaonyeshwa mpaka leo. Ukiiona, mtafute kwenye meza ya karata, maana picha yenyewe haikawii pale.