Ibn Majid hakumleta Mreno

Kila mwaka watalii na watoto wa shule hupelekwa kwenye nguzo ya Vasco da Gama pale Malindi, na si mara moja wameambiwa kwamba rubani aliyemvusha Mreno kwenda India alikuwa Ahmad ibn Majid. Jambo hili hurudiwa kana kwamba ni sifa. Kwangu mimi ni tuhuma, tena nzito, na aliyetuhumiwa hayupo kujitetea. Basi tumweleze alikuwa nani.

Shihab al-Din Ahmad ibn Majid alizaliwa Julfar, upande wa Ras al-Khaimah ya leo, katika miaka ya 1430. Ubaharia kwao ulikuwa urithi. Babu yake alikuwa mwalimu wa chombo na baba yake vilevile, wote wakijulikana kwa kuijua Bahari ya Sham na miamba yake. Na hapa msomaji wa bara aniwie radhi: mwalimu wa chombo si nahodha. Nahodha ana mali na amri, mwalimu ana njia. Ndiye anayejua jahazi liko wapi usiku wa manane, maji pande zote na nchi haionekani.

Baba yake aliacha shairi refu la kuongoza vyombo katika Bahari ya Sham, beti zaidi ya elfu moja. Mwana alilipitia akalisahihisha pale alipoona pana kasoro, bila kumvunjia mzee heshima. Mwaka 1462, akiwa bado kijana, alitunga urjuza yake kubwa kuhusu elimu ya bahari. Mwaka 1490, sawa na 895 Hijria, akamaliza kitabu cha nathari ambacho ndicho kilichompa jina, Kitab al-Fawa'id. Kazi zake kwa jumla zinakaribia arubaini, nyingi zikiwa mashairi. Sababu iko wazi: baharia hawezi kufungua kitabu gizani huku mawimbi yanampiga usoni, lakini shairi analo kifuani.

Elimu yenyewe ilikuwa ya nyota. Dira yao iligawanywa pande 32, na kila upande ukaitwa kwa nyota inayochomoza au kuzama hapo. Kaskazini ni Jah, nyota isiyohama sana mahali pake. Kusini-kusini-mashariki ni mawio ya Suhail. Na karibu na mashariki yenyewe, ikielekea kaskazini kidogo, ni mawio ya Thurayya. Thurayya ni kilimia chetu, kile kile ambacho wazee wetu wa mashamba walikitazama kujua majira ya kulima.

Urefu wa nyota ulipimwa kwa vidole. Kulikuwa na kibao kidogo chenye uzi wa mafundo; unauma fundo kwa meno, unanyoosha kibao mpaka ukingo wa chini uguse upeo wa bahari na wa juu uguse nyota. Kidole kimoja ni kama digrii moja na dakika 36. Ukitoka Oman kuja kwetu, Jah inashuka kidole baada ya kidole. Ukifika Malindi imekwisha kukupotea. Hapo mwalimu anahamia Farqadan, nyota mbili angavu zilizo jirani na Jah, kisha Na'sh. Ibn Majid aliandika vipimo hivyo bandari kwa bandari, hadi Sofala.

Mimi kwa sasa nipo Nakuru kikazi, na hapa mambo haya yanaeleweka upesi. Mji huu uko chini kidogo tu ya Ikweta. Panda ukingo wa Menengai usiku wa Desemba, uache taa za mji nyuma. Jah huioni, iko kwenye mstari wa upeo na vilima vimeifunika. Kilimia kiko juu kabisa, na kwa macho utahesabu nyota sita, labda saba. Mwaka 1610 Galileo alikielekezea darubini yake akachora nyota 36. Leo wanafalaki wanajua ni kundi la nyota zaidi ya elfu moja zilizozaliwa pamoja, na mwanga wake husafiri takriban miaka 440 kutufikia. Yaani unaokiona leo ulianza safari karne moja hivi baada ya Ibn Majid.

Yeye hakuwa na darubini, wala hakudai kugundua chochote mbinguni. Alisoma waliomtangulia, akiwemo Abd al-Rahman al-Sufi, yule Mwajemi ambaye mwaka 964 aliandika kuhusu wingu dogo mdomoni mwa kundi la samaki mkubwa. Wingu lile ni galaksi ya Andromeda, na ilibidi kungoja hadi miaka ya 1920 ndipo Edwin Hubble athibitishe kwamba liko nje kabisa ya galaksi yetu. Kilichomtofautisha Ibn Majid ni kwamba alikwenda na kitabu baharini akakijaribu. Alipoona walimu wa kale wamenakili bila kusafiri, aliwasema waziwazi. Kujisifu pia alijisifu, tusimfiche: alijiita simba wa bahari.

Sasa tuhuma. Da Gama alifika Malindi Aprili 1498, akaondoka tarehe 24 na rubani aliyepewa na mfalme wa Malindi, na kusi ikamfikisha Calicut tarehe 20 Mei. Waandishi wa Kireno wenyewe, wakiwemo Barros na Góis, wanasema rubani alikuwa Mgujarati. Jina walilomwita, Malemo Canaqua, ni cheo tu: maalim, pamoja na neno la Kihindi la mnajimu. Aliyemtaja Ibn Majid ni Qutb al-Din al-Nahrawali wa Makka, aliyeandika miongo mingi baadaye, na akaongeza kwamba Mreno alimlewesha kwanza. Katika miaka ya 1920 Mfaransa Gabriel Ferrand akaishika habari hiyo, na ikaenea. Wakati Da Gama anatia nanga, Ibn Majid alikuwa mzee anayekaribia au kupita miaka sitini, na shairi lake la mwisho tunalolijua ni la mwaka 1500. Watafiti wengi wa leo wameikataa hadithi hiyo. Si haba, maana miaka saba tu baada ya safari ile, mwaka 1505, Wareno waliichoma Mombasa.

Shairi lake la Sofala, ambamo mna njia ya pwani yetu kuanzia juu hadi Kilwa na kuendelea kusini, lilihifadhiwa Leningrad. Msomi wa Kirusi, Shumovsky, alilichapisha mwaka 1957 pamoja na mengine mawili, Kiarabu upande mmoja na Kirusi upande wa pili. Kwa Kiswahili mimi bado sijabahatika kuliona.