Vivian Fuchs: Kutoka Turkana Hadi Ncha ya Kusini

Sisi wa Kuze barafu tunayoijua ni ya kutilia samaki, tena ukichelewa kidogo inayeyukia njiani. Hebu basi mfikirie mtu aliyeikanyaga siku 99 mfululizo!

Vivian Fuchs alizaliwa Uingereza mwaka 1908, baba yake Mjerumani. Alisomea elimu ya mawe Cambridge. Mwalimu wake, James Wordie, alikuwa mmoja wa wale walioondoka na Shackleton mwaka 1914 kwenda kuvuka bara la Antaktika, meli yao ikasagwa na barafu. Mwaka 1929 akampeleka Fuchs Greenland. Lakini msafara uliomtia uchungu ulikuwa hapa kwetu Kenya.

Mwaka 1934 Fuchs aliongoza uchunguzi wa Ziwa Turkana, wakati huo likiitwa Rudolf. Wenzake wawili, Martin na Dyson, walivuka kwa mashua hadi Kisiwa cha Kusini. Hawakurudi. Walitafutwa hata kwa ndege, wapi! Yakapatikana makasia na kofia tu. Upepo wa ziwa lile hushuka kwa ghafla kutoka Mlima Kulal, na mwenye mashua ndogo hana ujanja. Kiongozi mwenyewe alikuwa kijana wa miaka 26.

Baada ya vita akapelekwa Antaktika, akakwama huko mwaka mzima wa 1949 maana meli ilishindwa kuwafikia.

Tarehe 24 Novemba 1957 akaanza kulivuka bara lile. Hillary, yule aliyepanda Everest na Tenzing, alitokea upande wa pili akiweka akiba ya mafuta, akafika Nchani kwanza. Akamshauri Fuchs asimame hapo, majira ya baridi yasije yakawanasa. Fuchs akakataa katakata. Mimi nilipofika hapo nikamwona mkaidi. Kwani Turkana kasahau? Kumbe sivyo. Alichelewa kwa sababu watu walitangulia kwa miguu wakichoma theluji kwa fimbo kutafuta nyufa, na njiani wakipima unene wa barafu kwa baruti. Hata hivyo magari yao yaliwahi kuning'inia juu ya nyufa.

Tarehe 2 Machi 1958 walifika ng'ambo, wote 12 wazima. Walikwenda karibu kilomita 3,500.

Alipewa cheo cha Sir, akafa mwaka 1999 akiwa na miaka 91. Martin na Dyson hawajaonekana mpaka leo.