Wood Alimfuata Mgonjwa Alipo

Michael Wood alikuwa daktari mpasuaji, Mwingereza aliyehamia Nairobi baada ya Vita Vikuu vya Pili vya Dunia. Mwaka 1957, pamoja na wapasuaji wenzake Archibald McIndoe na Tom Rees, aliasisi huduma ya madaktari wasafirio kwa ndege, ambayo leo twaijua kwa jina la Amref. Kutoka uwanja wa Wilson, kando ya Barabara ya Lang'ata, alirusha ndege mwenyewe kwenda kuwapasua wagonjwa mashambani, Kenya na hata nchi jirani. Wapasuaji walikuwa wachache, nao wengi walikaa mijini. Wood hakungoja kila hospitali ipate wake. Wachache waliokuwapo aliwazungusha. Alifariki mwaka 1987.

Nayakumbuka hayo kwa sababu Julai 2021 Kenya ilitia sahihi mkataba wa kuwapeleka wauguzi wetu Uingereza, ilhali hospitali nyingi za mashambani hazina wauguzi wa kutosha. Simlaumu muuguzi, asiyeajiriwa kwao hana budi kutafuta riziki kwingine. Nawauliza wakubwa wa Jumba la Afya, hapa jijini: aliyesomea uuguzi akikosa kazi kwetu, mgonjwa wa kijijini tumemwachia nani?