Jani Lane

Jani Lane (jina la kuzaliwa: John Kennedy Oswald, 1 Februari 1964 – 11 Agosti 2011) alikuwa mwimbaji na mtunzi wa nyimbo kutoka nchini Marekani. Anajulikana hasa kama mwimbaji wa bendi ya Warrant.

Alizaliwa Akron, Ohio, akaanza muziki kama mpiga dramu. Baadaye aliimba katika bendi ya Plain Jane, kisha mwaka 1986 akajiunga na Warrant mjini Los Angeles.

Wimbo wake "Heaven" ulikuwa umeshapigwa na Plain Jane bila kujulikana. Ni wimbo wa mapenzi wa aina iliyopendwa na bendi za glam metal: huanza taratibu kwa gitaa na sauti laini, halafu dramu na magitaa ya umeme huingia kwa nguvu penye kiitikio. Warrant waliurekodi katika albamu yao ya kwanza, na mwaka 1989 ulifika nafasi ya 2 katika chati ya Billboard Hot 100. Hakuna wimbo mwingine wa bendi hiyo uliofika juu hivyo.

Hata hivyo wengi humkumbuka kwa "Cherry Pie" (1990), wimbo mwepesi alioutunga haraka kwa kuombwa na kampuni ya rekodi. Lane, mtunzi hodari kuliko wimbo huo unavyoonyesha, aliwahi kueleza kwamba alijuta kuutunga. "I Saw Red", wa taratibu, kuhusu kusalitiwa na mpenzi, umo katika albamu hiyohiyo.

Alitoka Warrant na kurudi zaidi ya mara moja, huku akisumbuliwa na ulevi. Alifariki hotelini Los Angeles kwa sumu ya pombe, akiwa na umri wa miaka 47.