Satchel Paige
Leroy Robert Paige, maarufu kwa jina la Satchel (7 Julai 1906 – 8 Juni 1982), alikuwa mrushaji mpira wa besiboli nchini Marekani. Alizaliwa Mobile, Alabama.

Wachezaji Weusi walikuwa wamefungiwa ligi kuu, hivyo tangu 1926 alihamahama katika timu za ligi za Weusi na za nchi za Karibi, akifuata penye ujira mzuri. Cleveland Indians walimsajili mwaka 1948, siku alipotimiza miaka 42, umri ambao warushaji wengi wamekwisha kustaafu. Mwaka huohuo timu ilitwaa ubingwa. Miaka ya 1956–1958 alichezea Miami Marlins ya ligi ndogo. Mwaka 1965, akiwa na miaka 59, aliirushia Kansas City Athletics vipindi vitatu dhidi ya Boston Red Sox bila kufungwa alama hata moja.